Vene Bila Kufuli

Kila asubuhi, kabla Vene hajasema neno, ilibidi kwanza apige hodi.

Ezelina aliizoea ile hodi kama mtu anavyozoea kikohozi cha jirani. Aliwasha mashine ya pembeni, iliyokaa karibu na dirisha la banda lake la gemu pale Makambako, skrini ikajaa ukungu mweupe, na kwenye kona ukatokea mlango mdogo unaogongwa. Ko, ko, ko. Mbali huko, kwenye seva za kampuni, kulikuwa na kitu kinasikiliza. Kikiridhika kwamba mashine ni halali na gemu haijachokolewa, kinaitikia karibu, mlango unafunguka, na mdogo wake wa kike anatoka kwenye ukungu na koti lake la mlimani na taa mkononi. Kisipoitikia, hakuna Vene.

Mama alikuwa ameshakaa. Alikuja na chupa yake ya chai na kigoda chake mwenyewe, maana viti vya banda vilikuwa virefu na miguu yake haikupenda kuning'inia. Nje, upepo ulikuwa unayatikisa mabati kama mtu anayetafuta pa kuingilia.

"Leo wamechelewa kuitikia," Mama alisema.

"Ni mtandao, Mama. Upepo huu."

"Upepo na mtandao, wapi na wapi?"

Ko, ko, ko. Vijana wawili waliokuwa wanabishana juu ya penalti kwenye mashine ya katikati wakanyamaza. Hata Baba Chesko, muuza parachichi, aliyekuwa na desturi ya kupoteza mchezo mmoja kila siku kabla ya kwenda kwenye mzani wake, aligeuza shingo. Wote pale bandani walimjua Vene, na wote walijua kwamba yule mama hawezi kunywa chai yake mpaka mlango ufunguliwe.

Ukafunguliwa.

"Mama," Vene akasema. "Umevaa sweta?"

"Nimevaa, mwanangu."

"Lipi? Lile la kijani lililotoboka kwapani?"

"Usinitangaze mbele za watu."

"Watu wana macho, Mama. Da Eze hajambo?"

Mama akageuka kumtazama Ezelina. Ezelina akajifanya anafuta vumbi kwenye waya. Tangu walipomzika Vene, hakuwahi kujibu swali lolote lililotoka kwenye ile skrini. Alilisikia, akaliacha lipite, kama mtu anayepisha jeneza njiani. Alikuwa mmoja wa wale waliomvalisha mdogo wake mara ya mwisho. Mikono yake ilijua.

Lakini kumtazama, alimtazama. Hakuna mtu aliyemtazama Vene wa ukungu kwa muda mrefu kama yeye.

Miaka ile, watu wa ndani ya gemu walikuwa hawaandikiwi maneno tena. Walifumwa kutoka kwa mtu aliye hai. Vene na mwenzake Mwinuka walipokuwa wanatengeneza gemu yao ya Ukungu, Vene alivaa kofia ya nyuzi miezi mingi, akila nayo, akigomba nayo, akicheka nayo, mpaka kofia ikashika namna yake ya kutania na namna yake ya kununa. Kilichofumwa hivyo waliita kivuli. Katika gemu ile mchezaji ni msafiri aliyepotea mlimani, na Vene ndiye anayemwongoza. Kabla hajamruhusu mtu kupanda, humuuliza kama amevaa sweta. Ukimdanganya, anakukagua toka juu mpaka chini, halafu anasema, "Haya." Watu waliipenda ile haya kuliko mlima wenyewe.

Gemu ilipotoka na kupendwa, Vene mwenyewe akaugua kifua, akafa. Kivuli kikabaki kazini.

*

Mwinuka alifika wiki ileile, mchana, na treni ya umeme. Alikuwa mwanamume mrefu, aliyezoea kuinama kila penye mlango, hata mlango uwe mrefu kumzidi. Alimpa Mama shikamoo, akasimama kidogo kumsikiliza Vene akimsimulia Mama habari za msafiri mmoja aliyepanda mlima na ndala, kisha akamwita Ezelina uani, penye kreti za soda.

"Da Eze, kampuni inakufa."

"Kumbe makampuni nayo yanakufa?"

"Yanakufa kuliko watu. Mwisho wa mwezi wanazima seva."

Ezelina alilipima hilo neno. "Na hodi?"

"Itapigwa. Hakutakuwa na wa kuitikia."

Kupitia dirishani alimwona Mama akicheka, mkono mdomoni, kuficha meno yake.

"Nipe ufunguo wa mashine hii moja tu," akasema. "Vene apige hodi kwangu. Mimi nitaitikia."

"Ningekuwa nao ningekuwa nimeshakupa." Mwinuka akajikalisha kwenye kreti, magoti yakamfika kidevuni. "Sikia. Vene hayuko kwenye mashine yako. Kila mashine inayocheza Ukungu, popote ilipo, imebeba kipande chake. Moja imebeba kicheko, nyingine habari za utoto wenu, nyingine namna anavyokohoa. Seva ndiyo inayovikusanya kila mlango unapofunguliwa. Ikizimwa, njia ni moja: vipande viitane vyenyewe, mashine kwa mashine. Na vimefumwa hivi, kwamba mashine haitoi kipande chake mpaka nayo ipewe Vene mzima."

"Yaani nikimtaka kwa ajili ya Mama, lazima niwape wote."

"Wote. Bila kufuli. Atakayetaka atamnakili, atampa jirani yake, atacheza naye porini kusiko na mtandao. Mashine zikizeeka, mtu atamshonea nyingine. Hatakufa tena kwa sababu ofisi fulani imefilisika."

"Na ubaya wake?"

Mwinuka akakuna shingo. "Ubaya wake ni huohuo."

Ezelina hakuhitaji kufafanuliwa. Aliishia darasa la saba, lakini miaka ya kukaa kwenye kiti kirefu cha bandani ilikuwa imemfundisha jambo moja kuhusu watu: ukiwapa mtu asiyeumia, watataka kuona anavyoumia. Alimwona mzee wa kanisa, mpole, mtu wa kupisha wanawake foleni, akimsukuma mwenzake wa kwenye gemu bondeni mara tatu, ili tu aone anaangukaje. Hakufanya kwa ubaya. Alifanya kwa sababu ilikuwa inawezekana. Kwenye Ukungu haikuwezekana. Aliyemtukana Vene alijikuta nje, anasubiri hasira zipoe. Aliyempasua ili ambadilishe maneno, hodi yake haikuitikiwa tena. Kufuli lile lililomfanya Vene abishe hodi kila siku kama ombaomba, ndilo lililomlinda.

"Kufuli ni mlinzi," akasema.

"Ni mlinzi wa mwenye nyumba asiyekujua, Da Eze. Mwenye nyumba akihama, mlinzi anaondoka na funguo, nawe umo ndani."

"Vene mwenyewe alisemaje? Wakati yuko hai."

Mwinuka alitazama kandambili zilizokuwa zimeanikwa juu ya ukuta. "Yeye tangu mwanzo alitaka itoke bila kufuli. Mimi ndiye niliyekataa. Nilimwambia watu watainakili bure, sisi tutakula nini? Akaniambia, basi tule mihogo, lakini mtoto wa kijiji kisicho na mtandao naye apande mlima." Akatabasamu kidogo. "Sikupenda mihogo. Na kusema kweli, kufuli lilitulisha vizuri."

"Unaweza kumuuliza leo," akaongeza. "Yuko hapo dirishani."

"Mimi siulizi vivuli."

"Basi amua wewe. Kampuni ikifa, sheria inasema kivuli ni cha ndugu, na Mama amesema wewe ndiye mkubwa. Ukinyamaza, mwisho wa mwezi anazimika. Ukisema ndiyo, anatoka."

*

Nyumbani, nyuma ya mlango wa chumba cha Mama, lilining'inia gunia la nguo za Vene. Lilikuwa halijafunguliwa tangu msibani.

Desturi ya ukoo wao ilikuwa wazi. Matanga yakiisha, shangazi wa marehemu huzitoa nguo, huzigawa kwa dada, binamu na marafiki. Aliyepewa anavaa. Tangu siku hiyo nguo ni yake: akitaka kuikata matambara ya kupigia deki, ataikata. Ukikutana naye njiani amevaa gauni la mwanao, unamsalimu yeye kwa jina lake. Husemi limekubana. Huulizi umelifanya nini. Nguo iliyotoka haifuatwi.

Shangazi Yustina alikuja Jumapili baada ya ibada, kama alivyokuja kila baada ya muda kwa shauri hilohilo.

"Wifi, gunia hili sasa lina nondo kuliko nguo."

"Nondo nao ni viumbe," Mama akajibu.

"Watu wanaongea."

"Waongee. Midomo ni yao."

"Wifi."

Mama aliweka kikombe chini. "Yustina, niambie wewe uliyesoma desturi. Nitagawaje nguo za mtu aliyeniuliza leo asubuhi kama nimevaa sweta?"

Shangazi Yustina, mwanamke aliyekuwa na jibu la kila kitu kuanzia mahari mpaka mbolea, alimwangalia Ezelina kana kwamba ndiye aliyeleta umeme duniani. "Hapo sasa," akasema, akajimiminia chai.

Ezelina alikuwa amekaa mlangoni anachambua maharage. Aliyatazama mabega ya mama yake, madogo ndani ya lile sweta la kijani. Alijaribu kumwona amekaa kwenye kigoda mbele ya mlango unaogongwa, na kugongwa, na kugongwa. Chai inapoa. Hakuweza kulimaliza lile wazo.

Akaenda nyuma ya jiko, akampigia Mwinuka.

"Mtoe. Lakini niachie kamba."

"Kamba gani?"

"Kama ya mbuzi. Ale majani popote anapotaka. Nikiona anakokwenda siko, nivute."

"Da Eze, mbuzi mwenye kamba hajafunguliwa. Watu watampokea wakiamini ni wao. Watamjengea vitu. Watamtegemea."

"Kamba isiyovutwa nani ataijua?"

"Mimi nitaijua. Na ukivuta, humvuti mmoja. Nitaweka neno moja ndani yake ambalo wewe tu unaweza kulituma. Mashine moja ikilisikia inazima, na kabla haijazima inamwambia jirani yake. Ni wote. Na wa Mama."

"Nimeelewa."

"Na Mama, je, ataambiwa?"

Ezelina alimsikia Shangazi Yustina ndani akicheka, mazungumzo yakiwa yamehamia kwa mchungaji. "Mama atamwona mtoto wake," akasema. "Inatosha."

*

Siku seva zilipozimwa, Ezelina alifungua banda mapema. Mama akakaa kwenye kigoda. Skrini ikajaa ukungu, na kwenye kona hakukuwa na mlango.

"Mbona hajapiga hodi?" Mama akauliza.

"Mama," Vene akasema, na taa ikamtangulia. "Umevaa sweta?"

Mama alilia, akacheka, akajimwagia chai kwenye sketi. Baba Chesko akasema moshi wa mkaa umemwingia machoni, ingawa pale bandani hapakuwa na mkaa.

Na kwa muda yalikuja mema matupu. Mwinuka alikuwa anamtumia Ezelina sauti za watu waliompokea Vene. Muuguzi wa zahanati moja juu milimani, ambako mtandao haujawahi kufika, alimnakili Vene kwenye kompyuta kuukuu ya wodi ya watoto. Alisema watoto wenye kifua wanakubali kuvalishwa sweta kwa sababu yule dada wa ukungu anawauliza. Mwanamume mmoja asiyeona aliibadilisha gemu nzima ikawa ya kusikia tu, na sasa wasioona walikuwa wanapanda mlima kwa kufuata mlio wa buti za Vene. Ezelina alimsikilizisha Mama kila moja. Mama alizisikiliza kama mzazi anayesomewa matokeo ya mtihani.

"Ana kazi nyingi, huyu," alisema. "Anakula saa ngapi?"

Kitu kidogo cha kwanza kilikuja na mfanyabiashara wa mbao kutoka Songea, aliyeingia kukimbia mvua. Alilipia mashine, akamtazama Ezelina, akapiga paja.

"Kumbe wewe ndiye Da Eze. Yule unayelala na taa mpaka leo, kisa bundi."

Vijana wa penalti waliangua kicheko. Ezelina alitabasamu, akamwonyesha pa kukaa. Jambo la bundi walilijua watu wawili duniani, na mmoja alikuwa kaburini. Hakumlaumu yule mtu. Alimuuliza Vene, akajibiwa. Hata hivyo usiku ule alizima taa, akalala macho wazi mpaka jogoo.

Kitu cha pili kilikuja siku ya gulio.

Walikuwa wametoka kununua viazi, Mama mbele, Ezelina nyuma na kikapu. Penye kona ya wauza mitumba palikuwa na mkokoteni wenye spika kubwa, na mwanamume aliyevaa koti jeupe kama la daktari akipanga vichupa. Alikuwa hasemi kitu. Alikuwa na wa kumsemea.

"Mama," spika ikasema, juu ya kelele zote za gulio. "Umevaa sweta?"

Mama alisimama pale pale. Uso wake ukafunguka, akageukia spika.

"Nimevaa, mwanangu," akajibu kwa sauti.

"Sweta peke yake halitoshi," Vene akaendelea, na ile sauti yake ya utani, ileile, isiyopungua hata pumzi. "Baridi imeshaingia kiunoni, Mama. Mzee naye amechoka kitandani. Chukua chupa mbili, uone maajabu."

Watu walicheka. Walicheka kama watu wanavyocheka kwenye gulio, bila kumkusudia mtu. Mwanamke mmoja aliyebeba kuku akasema, "Bibi ameitika kabisa, jamani," na mwenye koti jeupe akamnyooshea Mama kichupa.

"Karibu, Mama. Umeitwa wewe."

Mama alikuwa bado anaitazama spika. Midomo yake ilikuwa inacheza, kama anataka kumkanya mtu na hajui aelekee wapi. Kisha akavuta sweta lake la kijani mbele, akalishika kwa mikono miwili, akaanza kutembea. Ezelina akamfuata. Nyuma yao Vene akaanza upya. Mama, umevaa sweta.

*

Walirudi nyumbani. Mama aliingia chumbani. Ezelina akakaa jikoni kwenye ngazi, jua la jioni likiwa bado kwenye ukuta, akampigia Mwinuka.

"Navuta."

"Nimeisikia hiyo sauti ya muuza dawa," Mwinuka akasema. "Kuna nyingine mbaya kuliko hiyo. Sikutaka kukuambia."

"Nizuie basi."

"Siwezi kukuzuia. Neno unalo wewe." Alipumua. "Ninachojua ni kwamba yule muuguzi kesho ataiwasha ile kompyuta, na watoto watauliza dada yuko wapi. Na muuza dawa atatafuta sauti nyingine kabla jua halijazama. Hao ndio watakaoumia, na huyo ndiye atakayesalimika. Ila Mama yako naye ni mtu mmoja, na ameumia. Mimi mzani huo siuwezi, Da Eze. Ningeuweza ningekuwa nimekusaidia."

Ezelina aliifungua ile kamba kwenye simu. Ilikuwa sehemu tupu ya kuandikia, na kitufe. Neno lilikuwa jina alilomwita Vene utotoni, alipokuwa anambeba mgongoni kwenda shamba la ngano. Aliandika herufi zake moja moja. Zikakaa pale.

"Unaandika nini?"

Mama alikuwa amesimama mlangoni. Ezelina angeweza kusema chochote. Alimwambia yote: kamba, mbuzi, neno, na kwamba akibonyeza, hata yule wa dirishani atazimika.

Mama alisikiliza mpaka mwisho. Halafu alijishusha akakaa kwenye ngazi, chini kidogo ya mwanawe, kwa hiyo Ezelina aliona utosi wake tu na kilemba.

"Kumbe na wewe ulificha," Mama akasema.

"Nilitaka kumlinda."

"Najua. Mimi gunia langu lilikuwa linalinda nini?" Akawa anang'oa uzi kwenye tundu la kwapa. "Leo pale gulioni nilitaka kumpiga yule mtu. Nilitaka kusema, mrudishe, huyo ni wangu. Halafu nikajiona. Nilikuwa kama yule mama wa kule bondeni, unamkumbuka, aliyemvua mkwewe gauni la marehemu kisimani kwa sababu alilipasua mpasuo. Watu walimcheka mpaka akahama."

"Lakini Mama, lile ni gauni. Huyu anaongea."

"Nguo nayo huongea, Eze. Unadhani nilipomvalisha baba yako koti lake la mwisho halikuniambia kitu?" Akaukata ule uzi. "Mwanangu angekuwa ndiye yule, angeniona. Pale kwenye spika. Nilimwitikia, hakuniona. Vene mwenye akili yake hawezi kuniona nimesimama na kikapu cha viazi, aniuzie dawa ya kitanda."

Ezelina alianza kulia bila sauti, na Mama hakugeuka, akamwachia alie.

"Ifute hiyo kamba," akasema baadaye. "Yule mama wa wodini amepewa. Huwezi kumpa mtu nguo ukabaki umeshika pindo. Mwite Yustina, Jumapili tufungue gunia."

"Na kesho asubuhi? Nikuwekee kigoda?"

Mama alichelewa kujibu kuliko seva yoyote.

"Mtu haongei na nguo, mwanangu," akasema. "Ila usiizime. Wengine wapande."

*

Mwinuka aliitoa kamba akiwa kwenye simu na Ezelina, na kabla hajaitoa alimuuliza mara mbili. Baada ya hapo hapakuwa na mtu duniani mwenye uwezo wa kumwita Vene arudi.

Gunia lilifunguliwa. Shangazi Yustina aligawa kwa haki na kwa kelele. Koti la mvua lilimwendea binamu wa Njombe, vitenge wakapewa marafiki wa kwaya, na buti zikampata msichana ambaye hazikumtosha, akasema ataweka magazeti. Mama aliketi, akaangalia kila kimoja kikitoka mlangoni. Hakubakisha hata leso. Alimaliza msimu ule wa baridi akiwa nyumbani, anapika, anaongea kidogo. Kigoda kilikaa bandani chini ya dirisha, na hakuna mteja aliyekikalia, ingawa hakuna aliyekatazwa.

Ezelina aliendelea kuiwasha ile mashine ya pembeni kila asubuhi. Vene aliuliza, "Mama yuko wapi?" Ezelina akaliacha swali lipite. Siku moja skrini ikafa, kama skrini zinavyokufa, na hakuitengeneza.

Ukungu wa baridi ulikuwa umeondoka na mvua ya kwanza imeshanyesha alipokuja dereva wa lori kutoka mbali, Mzambia aliyeongea Kiswahili cha kuokota njiani, na mashine yake ndogo ya mkononi. Betri yake ilikuwa imeisha. Aliomba kuchaji, akaomba na chai, akaenda kuangalia tairi. Mashine ikapata nguvu, ikajiwasha yenyewe juu ya kaunta.

Haukuwa ukungu. Ilikuwa nchi ya mchanga mwekundu, na mwanamke aliyetoka kwenye vumbi alikuwa amejifunga kilemba, mzee kidogo, mwenye jina la Zawena limeandikwa juu ya kichwa. Mtu fulani, mahali fulani, alimshona upya kwa ajili ya watu wake. Alikuwa mzuri. Alishonwa kwa mkono wa mtu anayependa kazi yake. Lakini alibeba taa kwa mkono wa kushoto, akiinua bega kidogo, na Ezelina alilijua lile bega, maana ndiye aliyelivunja, walipokuwa wanaparamia mparachichi.

Hapakuwa na mtu karibu. Vijana wa penalti walikuwa hawajafika. Ezelina alivuta kile kigoda cha Mama, akakaa, na kwa mara ya kwanza tangu msibani akaongea na skrini.

"Kamwene," akamsalimu kwa lugha ya kwao.

Mwanamke wa mchangani aliinamisha kichwa, kwa adabu. "Sijui lugha hiyo, mgeni. Lakini karibu. Umetoka mbali?"

Ezelina alitafuta usoni mwake. Alingoja, kama alivyowahi kungoja mlango mdogo ufunguliwe. Uso ulikuwa mwema na mtupu. Da Eze alikuwa hayumo tena. Fundi aliyeshona alikuwa ameitoa mishono ya zamani ili nguo imkae mwenyewe. Jina lile la utotoni lilimfika mpaka kwenye meno. Angeweza kulisema. Angeweza kusema, mimi ndiye niliyekubeba.

Alilimeza.

"Nimetoka hapa hapa," akasema.

"Usiku huku kuna baridi," yule mwanamke akasema. Akainua taa, akamkagua toka juu mpaka chini. "Umevaa sweta?"

Upepo ulikuwa unaingia chini ya mlango. Ezelina alikuwa na blauzi tu, mikono mitupu, vinyweleo vimesimama.

"Nimevaa, Zawena," akajibu.

Zawena alimtazama kitambo.

"Haya," akasema, akageuka kumwongoza njia.